Somo la upanga wa samurai Japani: unauziwa nini hasa?

Siku hizi ni vigumu kupitisha wiki mbili mtandaoni bila kukutana na video ya mtalii kutoka Nairobi au Dar es Salaam aliyefika Kyoto au Tokyo, kavalishwa suruali pana yenye mikunjo, upanga kiunoni. Anachomoa, anakata mkeka uliosimamishwa wima, watu wanapiga makofi. Chini ya video maoni yanagongana. Mmoja anatangaza kwamba jamaa sasa ni samurai kamili. Mwingine anamcheka kuwa ule upanga ni wa bati. Wa tatu anasema hiyo ni kendo, wa nne anashangaa serikali ya Japani inamruhusuje mgeni kushika silaha ya namna ile. Kila mmoja ana kipande cha ukweli, isipokuwa yule wa kwanza.

Mkanganyiko unaeleweka. Chini ya jina moja, "somo la samurai", wageni huuziwa mambo manne au matano yasiyofanana, na wauzaji hawana haraka ya kuyatenganisha. Anayelipa yeni elfu kadhaa, au makumi ya maelfu kwa vipindi vya bei, ana haki ya kujua ananunua lipi.

Tuanze na samurai wenyewe. Hawa walikuwa tabaka la wapiganaji waliotumikia mabwana wenye ardhi, wakapata nguvu kidogo kidogo hadi wakaishika nchi tangu mwishoni mwa karne ya 12. Katika kipindi cha mwisho, chini ya ukoo wa Tokugawa uliotawala kuanzia 1603 hadi 1868, usamurai ulikuwa jambo la kuzaliwa nalo. Pamoja na familia zao hawakufika hata asilimia 10 ya Wajapani. Utawala wa Tokugawa ulipoanguka mwaka 1868, serikali mpya ya Meiji ikalifuta tabaka hilo hatua kwa hatua, na mwaka 1876 ikatoa amri ya kukataza watu kubeba panga hadharani, isipokuwa wanajeshi, polisi na maofisa waliovaa mavazi rasmi ya sherehe. Kwa hiyo mwalimu atakayekupokea si samurai. Huenda babu wa babu yake alikuwa samurai, na akiwa hivyo hatakosa kukueleza. Yeye mwenyewe ni mwalimu wa sanaa ya upanga, au wakati mwingine mwigizaji, na hilo la pili nitalirudia.

Jambo lingine linaloshangaza wengi ni kwamba vitani upanga haukuwa silaha kuu ya samurai. Wale wa mwanzo walisifiwa kwa kupanda farasi na kulenga mshale. Baadaye mkuki ulitawala uwanja, na baada ya Wareno kufika kisiwa cha Tanegashima mwaka 1543 na bunduki zao, Wajapani walijifunza kuziunda wenyewe kwa kasi ya ajabu. Upanga ulibaki kiunoni kwa ajili ya mahali ambapo mshale, mkuki na risasi vimeshindikana. Uliupata utukufu wake wote wakati wa amani. Katika sehemu kubwa ya miaka 250 na zaidi ya Tokugawa hapakuwa na vita vikubwa vya kumtafutia mtu jina, na samurai wengi wakawa watu wa ofisini, wahasibu na wasimamizi wa kodi. Jozi ya panga mbili, mmoja mrefu na mmoja mfupi, ikawa alama ya cheo chao. Shule za upanga zikastawi, kila moja na mbinu zake na siri zake. Sehemu kubwa ya adabu na mienendo unayofundishwa leo ilinolewa katika miaka hiyo, na watu ambao mchana walishika kalamu.

Huo upanga mrefu ndio katana. Una makali upande mmoja, umepinda kidogo, bapa lake linazidi sentimita 60, mpini wake unatosha mikono miwili, na uzito wake ni kilo moja na ushei. Huchomekwa kwenye mkanda wa kitambaa upande wa kushoto wa kiuno, makali yakitazama juu. Kuubeba mgongoni na kuuchomoa juu ya bega ni mambo ya filamu. Jaribu na fimbo ya urefu huo uone mkono wako unapoishia.

Sasa tuje kwenye masomo yenyewe, tukianza na kendo kwa kuwa ndiyo inayotajwa zaidi na ndiyo ambayo mtalii huipata mara chache. Kendo ni mchezo wa ushindani. Wachezaji huvaa kofia yenye wavu wa chuma usoni, kinga ya kifua, ya kiuno na ya mikono, kisha hupigana kwa fimbo iliyofungwa kwa vipande vinne vya mwanzi. Pointi hupatikana kwa kupiga kichwa, kifundo cha mkono au ubavu, au kuchoma kooni. Hakuna chuma kinachokata humo. Watoto wa Kijapani huicheza shuleni, na shirikisho lake la taifa limekuwapo tangu 1952.

Kenjutsu ni mbinu za upanga za shule za kale. Kwa kawaida watu wawili hufanya mazoezi kwa panga za mbao, wakifuata mpangilio wa mashambulizi na majibu uliorithishwa kwa vizazi. Shule ya Katori Shinto-ryu, katika mkoa wa Chiba mashariki ya Tokyo, inahesabu asili yake tangu karne ya 15. Shule za namna hii hazimpokei mtu kwa saa moja akapige picha. Mwanafunzi huomba, husubiri, na akikubaliwa huanza safari ya miaka.

Iaido hufanywa na mtu peke yake: unachomoa upanga, unamkata adui wa kufikirika, unaurudisha alani. Asili yake huhusishwa na Hayashizaki Jinsuke, aliyeishi karne ya 16. Leo shirikisho la kendo lina mpangilio wa mienendo 12 ambao watu wa shule mbalimbali huufanya kwa pamoja ili waweze kupimwa kwa kipimo kimoja, na juu ya hapo kila shule ina yake. Kwa mtazamaji asiyejua, iaido inachosha. Mtu mmoja, kimya, anarudia jambo lilelile mara mia.

Halafu kuna tameshigiri, kukata kwa majaribio. Hapa ndipo upanga halisi unapokutana na kitu halisi, kwa kawaida mkeka wa tatami uliokunjwa, ukafungwa na kulowekwa majini, au mwanzi mbichi. Zamani jaribio lilikuwa la kupima upanga wenyewe, na lilifanywa juu ya maiti za waliohukumiwa kifo. Mjini Edo, ambao sasa ni Tokyo, ukoo wa Yamada ulirithishana kazi hiyo. Mikeka ni maendeleo.

La tano ni tate, yaani mapigano ya jukwaani na ya filamu: unafundishwa kurusha upanga bila kumgusa mwenzako, naye anafundishwa kuanguka vizuri. Studio nyingi zinazotangaza "uzoefu wa samurai" kwa watalii hufundisha hii. Sioni ubaya wowote, ni kazi ya ufundi na inafurahisha watoto kuliko nyingine zote. Ubaya unakuja pale mtu anaporudi nyumbani akisimulia kwamba amefundishwa mbinu ya kivita ya miaka 500.

Saa moja au mbili anazolipia mtalii wa kawaida huwa chembe ya iaido ikifuatwa na chembe ya tameshigiri. Ukitaka kujua umeangukia wapi, huna haja ya kusoma tovuti nzima. Uliza swali moja: nitashika upanga gani?

Ukijibiwa wa mbao, unaelekea kwenye kenjutsu au mazoezi ya msingi. Ukitajiwa iaito, huo ni upanga wa mazoezi. Kwa macho haupambanuki na katana, lakini bapa lake kwa kawaida ni mchanganyiko wa zinki na alumini na haliwezi kunolewa likakata, kwa hiyo yule aliyesema "bati" hakukosea sana. Ncha yake bado inaweza kumchoma mtu. Wa tatu ni upanga halisi wa chuma, na mwalimu mwenye akili atakupa huo wakati wa kukata mkeka tu, akiwa amesimama karibu nawe na kila mtu mwingine akiwa mbali.

Na serikali je? Japani ina sheria kali ya silaha za moto na panga, ya mwaka 1958. Upanga wenye bapa la sentimita 15 au zaidi lazima uwe umesajiliwa, na cheti hutolewa na bodi ya elimu ya mkoa. Ndiyo, bodi ya elimu, kwa sababu upanga unaosajiliwa unahesabiwa kuwa kazi ya sanaa na ni lazima uwe umefuliwa kwa njia ya jadi. Panga za jeshi zilizotengenezwa kiwandani wakati wa vita haziwezi kusajiliwa, hivyo ni haramu kumiliki hata kama ni za marehemu babu. Lililo geni kwetu ni kwamba cheti hufuata upanga, hakimfuati mtu. Upanga ukiuzwa, cheti huenda nao na mmiliki mpya huarifu mamlaka. Kuutembeza barabarani bila sababu ya msingi ni kosa hata ukiwa na cheti, ila kuushika ndani ya ukumbi wa mazoezi chini ya mwalimu ni jambo la kawaida.

Sasa ingia ukumbini. Viatu vinabaki mlangoni. Unafungwa mkanda wa kitambaa unaozunguka kiuno mara kadhaa, nao hukazwa kuliko unavyotarajia kwa sababu ndio unaobeba upanga. Juu yake inakuja ile suruali pana, hakama. Unainama mbele ya ukumbi, unainama kwa mwalimu, na unainama kwa upanga. Hutauruka upanga uliolazwa chini, hutagusa bapa kwa vidole kwani jasho huleta kutu, wala hutachomoa kabla ya kuambiwa. Ukikaa, ni kwa magoti, uzito wote juu ya visigino. Mwenye magoti mabovu aseme mapema. Iko mienendo ya kusimama, na hakuna mwalimu atakayekuona mzembe kwa kuiomba.

Kuchomoa kunaonekana kazi ya mkono wa kulia. Sivyo. Upanga hauchezi ndani ya ala. Karibu na mpini bapa limevishwa pete, kwa kawaida ya shaba, inayobana mdomo wa ala, ili mtu akiinama usichomoke. Kidole gumba cha kushoto husukuma kwanza kile kikingio cha mkono hadi mbano uachie. Ndipo mkono wa kulia unavuta mbele huku wa kushoto ukirudisha ala nyuma. Mgeni husahau ala. Anavuta kwa kulia peke yake, mkono unafika mwisho, sentimita kadhaa za bapa bado zimo ndani, na anaanza kujipinda kama mtu anayetafuta simu kwenye mfuko wa nyuma. Anayeutumia mkono wa kushoto wakati wote hasamehewi hapa: kila mtu huvaa kushoto na kuchomoa kwa kulia. Hana cha kulalamikia sana, maana akishachomoa, mkono wake wenye nguvu ndio utakaofanya kazi kubwa.

Katika kukata, nguvu hutoka mkono wa kushoto ulioshika mwisho wa mpini, na wa kulia unaongoza tu. Hapo ndipo mtu aliyekulia shambani kwetu anapokwama. Panga la kufyekea tunalirusha kwa mkono mmoja na kuuachia uzito wake utende. Linatema, halikati. Ukiipiga katana namna hiyo, itanasa katikati ya mkeka, au itapinda, na sura ya mwalimu itabadilika. Bapa linatakiwa lisafiri kwenye mstari uleule wa makali yake, bila kulala upande, huku likiteleza ndani ya kitu linachokikata. Ukipatia, husikii kizuizi, na kipande cha juu kinaanguka baada ya upanga kuwa umeshapita.

Lakini hapa niseme ninavyoona mimi: kukata mkeka ndiyo sehemu rahisi kuliko zote. Upanga ni mkali sana, shabaha imesimama, mwalimu amekuonyesha pa kuweka miguu na pembe ya kushuka nayo. Wengi hufaulu siku hiyohiyo. Makofi yanapigwa pasipostahili.

Pagumu ni kurudisha upanga alani. Hufanywa bila kutazama chini, kwa kuwa macho yanabaki kwa adui. Mkono wa kushoto unaziba mdomo wa ala, mgongo wa bapa unateleza kati ya kidole gumba na cha shahada, ncha inatafuta tundu, kisha ala inakuja mbele kuupokea upanga. Ukikosea pembe unajikata pale pale kwenye ngozi iliyo kati ya vidole hivyo viwili. Waliofanya iaido kwa upanga halisi kwa miaka mingi wanalijua kovu hilo. Kwa mgeni mwenye upanga mkali, afadhali mwalimu aurudishe mwenyewe, na akifanya hivyo usihisi umedharauliwa. Kabla ya hapo utaonyeshwa pia mkupuo mfupi wa upanga, ambao maana yake ni kukung'uta damu. Ni wa heshima tu. Damu haitoki kwenye chuma kwa kukung'utwa, na samurai walifuta panga zao kwa karatasi au kitambaa.

Halafu kuna hadithi za chuma. Utasikia kwamba katana hukunjwa mara maelfu. Mfua panga huipiga chuma ikawa bapa, akaikunja, akaipiga tena, na kwa kawaida hufanya hivyo mara 10 hadi 15. Kila mkunjo huzidisha tabaka maradufu, hivyo mikunjo 10 inatoa tabaka 1,024 na mikunjo 15 inatoa 32,768. Maelfu ni ya tabaka. Wala kukunja si uchawi wa kuongeza nguvu. Chuma ya jadi ya Kijapani, tamahagane, hupatikana kwa kuyeyusha mchanga wa chuma na makaa katika tanuru la udongo kwa siku tatu mchana na usiku, kazi ambayo tangu 1977 imeendelea kufanywa majira ya baridi huko Okuizumo, mkoa wa Shimane. Inatoka ikiwa na takataka ndani yake, na sehemu moja ni ngumu kuliko nyingine. Kukunja kunasawazisha na kusukuma taka nje. Ni dawa ya malighafi yenye dosari.

Ustadi mkubwa zaidi uko kwenye kuzimisha. Bapa hupakwa udongo, mzito mgongoni na mwembamba kwenye makali, likachomwa hadi liwake, likatumbukizwa majini. Makali yanapoa upesi na kuwa magumu, mgongo unapoa polepole na kubaki na ustahimilivu, na tofauti hiyo ndiyo inayoupinda upanga na kuacha ule mchoro wa mawimbi kando ya makali. Ugumu huo una bei yake: makali hubanjuka. Katana haikati mtutu wa bunduki, na wapiganaji wa kweli hawakugonganisha makali kwa makali dakika tano kama tunavyoonyeshwa. Leo mfua panga lazima asomee kwa fundi mwenye leseni si chini ya miaka 5, na akishapata leseni haruhusiwi kufua zaidi ya panga mbili ndefu kwa mwezi. Ukiuziwa "katana halisi mpya" kwa bei ya viatu vya mtumba, sasa unajua.

Maoni ya video hizi yanapotoka kwetu, mwishowe mtu humtaja Yasuke, Mwafrika aliyemtumikia bwana wa Kijapani karne ya 16, hasa tangu mchezo mmoja wa video ulipozua ugomvi mkubwa kumhusu mwaka 2024. Alikuwepo kweli. Alifika Japani mwaka 1579 pamoja na Alessandro Valignano, mkaguzi wa misheni za Wajesuti, shirika la mapadri wa Kikatoliki, na mwandishi mmoja wa shirika hilo katika karne ya 17 alisema asili yake ni Msumbiji. Mwaka 1581 alimwona Oda Nobunaga, bwana mwenye nguvu kuliko wote wakati huo, naye akaamuru asuguliwe kwa maji kwa sababu hakuamini kwamba ile ni rangi yake. Akamchukua kwenye utumishi wake. Nakala moja ya masimulizi ya maisha ya Nobunaga inasema alimpa posho, nyumba na upanga mfupi. Juni 1582 Nobunaga alisalitiwa akafia katika hekalu la Honno-ji mjini Kyoto. Yasuke alipigana upande wa mwanawe, akatakiwa kutoa upanga wake, akautoa, akarudishwa kwa Wajesuti.

Je, alikuwa samurai? Ugomvi ni mrefu kuliko unavyostahili, kwa sababu wabishani wanatumia kipimo cha karne ya 17 kwa mtu wa karne ya 16. Tabaka lilikuwa halijafungwa milango. Toyotomi Hideyoshi, aliyemrithi Nobunaga madarakani, alizaliwa mtu wa chini, na ni yeye aliyeamuru mwaka 1588 wakulima wanyang'anywe silaha, mstari ukaanza kuchorwa. Mtu aliyelishwa na bwana, akapewa upanga na bwana na kumtumikia kwa karibu, kwa wakati wake aliingia katika kundi hilo kwa urahisi. Ukienda Honno-ji ya leo kumtafuta, ujue Hideyoshi aliihamisha. Pale uliposimama siyo palipoungua.

Mwisho wa somo utapewa cheti chenye jina lako kwa herufi za Kijapani. Ni kumbukumbu nzuri ya ukutani na si zaidi. Ngazi halisi, ziitwazo dani, hupatikana kwa mitihani ya shirikisho. Anayetaka dani ya 8 katika kendo lazima awe na umri usiopungua miaka 46 na awe ameshafanya mazoezi miaka 10 baada ya kupata ya 7, na hata hivyo kati ya watahiniwa 100 hupita mmoja hivi. Anayetaka kuwaona watu hao kuliko kujivalia hakama mwenyewe apange safari mwanzoni mwa Mei, wanapokusanyika Kyoto kwenye ukumbi wa zamani wa Butokuden kuonyesha sanaa zao. Na kwa Tokyo kuna jumba la makumbusho ya panga mtaa wa Ryogoku, ambako ule mchoro wa mawimbi unaonekana vizuri ukiinama kidogo na kuufuata mwanga.

Ukishikwa na hamu ya kununua, iaito ndiyo isiyo na makaratasi mengi, na mji wa Seki katika mkoa wa Gifu una historia ndefu ya kufua panga na visu. Upanga halisi hautoki Japani bila kibali cha Wakala wa Masuala ya Utamaduni, na ule uliotangazwa hazina ya taifa hauuzwi nje ya nchi. Vyovyote iwavyo, ni mzigo wa chini ya ndege, haupandi nawe juu. Na kabla hujalipa, piga simu forodha ya nchi yako uulize wanaupokeaje.